Mtego wa wanaume wa Argonia

Tarehe 4 Aprili 1887, Susanna Salter alikuwa akifua nguo nyumbani kwake Argonia, mji mdogo wa jimbo la Kansas nchini Marekani, wajumbe wa chama cha Republican walipobisha hodi. Jina lake limo kwenye karatasi za kura za umeya, walimwambia. Je, akichaguliwa atakubali? Susanna hakuwa na habari yoyote. Akajibu kwamba atakubali.

Mapema mwaka huohuo Kansas ilikuwa imewapa wanawake haki ya kupiga kura katika chaguzi za miji. Wanawake wa Argonia, kupitia umoja wao wa Kikristo wa kupinga ulevi, wakapanga safu ya wagombea wanaume wenye msimamo kama wao. Kundi la wanaume lililochukizwa na jambo hilo likakutana kwa siri, likainakili safu ileile, ila kwenye umeya likamwandika Susanna, mama wa miaka 27. Walitarajia apate kura chache za wenzake, mji umcheke, na wanawake waone haya kuingilia siasa. Wakati ule karatasi za kura hazikulazimika kutangazwa mapema, kwa hiyo mtego ulifichika hadi siku yenyewe.

Wengi husimulia kisa hiki kama bahati. Sikubaliani nao hata kidogo. Wanawake wale walimwacha mgombea wao siku hiyohiyo ya uchaguzi, wakamhamishia Susanna kura zao, na wanaume wa kutosha wakawaunga mkono. Kundi lisilojipanga lisingeweza kugeuka kwa kasi hiyo. Susanna akapata takriban theluthi mbili ya kura, akawa mwanamke wa kwanza kuchaguliwa na kuhudumu kama meya Marekani.

Waliomtega walisahau pia kwamba siasa ilikuwa nyumbani kwa kina Susanna: baba yake, Oliver Kinsey, ndiye aliyekuwa meya wa kwanza wa Argonia. Susanna aliongoza vikao vya madiwani wanaume kwa utulivu, akalipwa dola 1 kwa mwaka mzima, kisha hakugombea tena.

Mwaka 1888 Oskaloosa, katika jimbo hilohilo, ilimchagua Mary Lowman kuwa meya pamoja na madiwani watano, wote wanawake. Hata hivyo, wanawake hao sita waliokabidhiwa mji mzima hawakuruhusiwa kumpigia kura gavana wala rais. Kansas iliwapa wanawake haki hiyo mwaka 1912.