Mpiga miluzi kutoka Nairobi

Wengi wenu mmepata kumsikia mtu huyu bila kujua kwamba ni mzaliwa wa Nairobi. Ni Roger Whittaker, Mzungu wa sauti nzito na miluzi mitamu, aliyefariki Ufaransa Septemba 2023, umri wake miaka 87.

Alizaliwa mwaka 1936 kwa wazazi Waingereza, akasoma Prince of Wales, ambayo leo ni Nairobi School. Kisha akaitwa jeshini, Kenya Regiment, akapelekwa msitu wa Nyandarua kupigana na Mau Mau. Hapo ndipo mimi husita. Mtu huyo huyo, baadaye sana, aliimba kwamba Kenya ni nchi yake. Na wale aliokuwa akiwasaka msituni walikuwa wakifa kwa ajili ya neno hilo hilo.

Udaktari aliuanza Cape Town, akauacha baada ya mwaka mmoja na nusu. Akafundisha shule. Mwaka 1959 akaenda Bangor, Wales, kusomea viumbe vya baharini, na usiku akiimba vilabuni. Televisheni ya Ulster ikampa kipindi, na nadhani huko ndiko alikoiva: gitaa, kisa kifupi, mzaha kidogo, mluzi, na mtazamaji hachoki. BBC nayo ikamchukua, redioni na kwenye televisheni.

Mwaka 1971 aliwaomba wasikilizaji wa kipindi chake cha redio wamletee mashairi ayatilie muziki. Mfua fedha wa Birmingham, Ron Webster, akaleta “The Last Farewell”. Wimbo ulilala miaka minne! Ndipo stesheni moja ya Atlanta, Marekani, ilipoanza kuupiga, na mwaka 1975 ukafika nafasi ya 2 Uingereza na ya 19 Marekani. Mwaka uliofuata Elvis Presley naye akaurekodi. Wajerumani ndio waliompenda kupita kiasi, ingawa Kijerumani hakukijua. Alikariri matamshi tu. (Wasanii wetu waimbao Kilingala cha kukariri wasichekwe.)

Mwaka 1989 majambazi walivamia nyumba ya wazazi wake hapa Nairobi, wakamwua baba yake. Kenya iliyomzaa ikawa pia kaburi la mzazi.

Mimi simwiti mwananchi, wala ulimi hauniruhusu kumwita mgeni. Wimbo wake wa Kenya hunipendeza, na kila nikiusikia hunikera.