Mchezo Usio na Refa: Safari ya Ultimate Kutoka Maegesho ya Shule

Katika fainali ya mashindano ya dunia ya Ultimate, wachezaji 14 hukimbizana kugombea kisahani cha plastiki chenye uzito wa gramu 175, na uwanjani hakuna refa. Mtu akisukumwa, anapaza sauti mwenyewe kudai faulo. Mchezo unasimama, na aliyemsukuma anatakiwa aseme kama anakubali au anapinga. Mgeni wa mchezo huu akielezwa hivyo siku yake ya kwanza ya mazoezi hudhani huo ni utaratibu wa mazoezini tu, na kwamba kwenye mechi zenyewe atakuja mtu mwenye filimbi. Haji. Kwa nini haji, hilo ni jambo la historia, na historia hiyo inaanza na vijana ambao wote walikuwa wanagenzi, kwa kuwa hakuna mtu duniani aliyekuwa ameucheza mchezo huo kabla yao.

Kisahani chenyewe ni kikubwa kuliko mchezo kwa umri. Huko Bridgeport, jimbo la Connecticut nchini Marekani, familia ya Frisbie ilikuwa na kiwanda cha kuoka pai tangu karne ya 19. Pai ziliuzwa katika sahani za bati, na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Yale kilicho jirani walikuwa wakishamaliza kula hurushiana zile sahani tupu. Upande wa pili wa nchi, California, kijana aitwaye Fred Morrison na mchumba wake Lucile walikuwa wakirushiana sufuria ya keki ufukweni mwaka 1938 pale mtu mmoja alipojitokeza akataka kuinunua kwa senti 25. Dukani sufuria kama hiyo iliuzwa senti 5. Morrison aliiona biashara papo hapo.

Vita Kuu ya Pili ikamkatisha. Alirusha ndege za kivita huko Italia, akatekwa na Wajerumani, akarudi nyumbani akiwa ameelewa kitu ambacho wakati wa sufuria hakukijua: jinsi hewa inavyobeba bawa. Mwaka 1948, akishirikiana na Warren Franscioni, alitoa kisahani cha kwanza cha plastiki. Mwaka 1955 akakiboresha na kukiita Pluto Platter, kwa sababu siku hizo Wamarekani walikuwa wamepagawa na habari za vyombo vya viumbe wa sayari nyingine. Januari 1957 aliiuzia kampuni ya Wham-O haki za kukitengeneza, na mwaka huohuo kampuni ikakipachika jina la Frisbee, lile la pai za Bridgeport likiwa limebadilishwa herufi. Kiwanda cha pai kilifungwa mwaka uliofuata.

Hadi hapo kilikuwa kitu cha kuchezea watoto. Aliyekifanya chombo cha michezo ni Ed Headrick, mfanyakazi wa Wham-O, ambaye katika miaka ya 1960 aliongeza uzito na kuchora mistari ya mviringo mgongoni mwa kisahani ili kitulie zaidi hewani. Hataza yake ilitolewa mwaka 1967. Mapenzi yake kwa kazi hiyo hayakuisha: alipofariki mwaka 2002, kwa wasia wake, majivu ya mwili wake yalichanganywa na plastiki na kufinyangwa visahani.

Mtu anayejifunza leo anashika matunda ya kazi ya Morrison na Headrick, na ndiyo maana hawezi kukielewa kisahani kabla hajaelewa walichokifanya. Kisahani hupaa kwa sababu mbili. Umbo lake huielekeza hewa chini nacho kikasukumwa juu, kama bawa la ndege. Na mzunguko wake hukifanya kishike msimamo mmoja bila kupinduka. Karibu kila anayeanza hukosea palepale: anatumia nguvu za bega na kusahau kifundo cha mkono. Kisahani kinatoka kwa kasi lakini hakizunguki vya kutosha, kinayumba, kinalala upande, kinaanguka hatua chache mbele yake. Mwalimu atamwambia apunguze nguvu na azungushe zaidi. Ni ushauri mgumu kuuamini, hasa kwa kijana mwenye misuli, lakini mtoto mwembamba aliyeushika atarusha mbali kuliko yeye.

Mrusho wa kwanza anaojifunza mtu ni ule wa kuvuta mkono kutoka upande wa pili wa mwili na kuufyatua kuelekea mbele, ambao wengi wameujua tangu utotoni. Wa pili ndio unaowatesa watu kwa wiki nyingi: vidole viwili vinakaa chini ya ukingo wa kisahani, kiwiko kinabaki karibu na mbavu, na kisahani kinachapwa kwa kifundo peke yake, upande uleule wa mkono unaorusha. Asiyeuweza huu wa pili ni mchezaji wa upande mmoja, na mabeki hulijua hilo upesi. Binafsi naona haifai kumharakisha mtu. Afadhali arushe umbali mfupi na mwenzake, jioni baada ya jioni, siku za upepo na siku zisizo na upepo, kuliko kuingizwa kwenye mechi akiwa na mrusho mmoja na aibu nyingi.

Sasa turudi kwenye historia, mwaka 1968. Kiangazi cha mwaka huo, mwanafunzi wa sekondari aitwaye Joel Silver alihudhuria masomo ya likizo huko Mount Hermon, Massachusetts. Mmoja wa walimu vijana pale, Jared Kass, mwanafunzi wa Chuo cha Amherst, aliwafundisha mchezo wa kupasiana kisahani kwa timu, ambao yeye na marafiki zake walikuwa wakiuunda chuoni. Likizo ilipoisha, Silver akarudi shuleni kwake, Columbia High School katika mji wa Maplewood, New Jersey, akiwa ameubeba mchezo huo kichwani. Akiwa mjumbe wa baraza la wanafunzi, alipendekeza frisbi iingizwe rasmi shuleni. Alilitoa pendekezo hilo kwa mzaha, nalo likapita. Kass mwenyewe aliendelea na maisha yake na kuwa mhadhiri. Kwa miongo kadhaa hakujua kwamba burudani ya marafiki zake ilikuwa imezaa mchezo wa kimataifa.

Hapa ndipo mambo yanaponoga. Wale wanafunzi wa Columbia hawakuwa wanamichezo wa shule. Walikuwa watu wa gazeti la shule na wa baraza, na mechi zao za mwanzo zilikuwa kati ya makundi hayo mawili. Viwanja vizuri vilikuwa vya timu za mpira, kwa hiyo wao walihamia kwenye maegesho mapya ya magari, ambako kulikuwa na taa na wangeweza kucheza usiku. Mipaka ya uwanja ikawa mipaka ya maegesho. Idadi ya wachezaji ikawa idadi ya waliofika. Walipopiga picha ya timu, walimtaja mfanya usafi wa shule kuwa kocha mkuu na mlinzi kuwa meneja. Kocha hasa hawakuwa naye, na refa wangemtoa wapi?

Silver pamoja na wenzake Buzzy Hellring na Jon Hines waliendelea kuzirekebisha kanuni, wakijaribu hili na kuliacha lile, na mwaka 1970 zikachapishwa. Waliamua kwamba mwenye kisahani asikimbie, asogee kwa kuzungukia mguu mmoja tu. Waliamua kisahani kikianguka chini ni mali ya wapinzani. Faulo waliieleza kwa namna ambayo bado inanifurahisha: ni mgusano mkali kiasi cha kumkasirisha aliyeguswa. Kipimo cha kosa hakikuwekwa mkononi mwa mtu wa tatu. Kiliachwa moyoni mwa aliyekosewa, kwa imani kwamba hatakasirika bure. Watu wazima wenye chama na bajeti wasingethubutu kuandika kanuni ya namna hiyo, na nadhani ni wanagenzi peke yao, wasiokuwa na kikombe cha kugombea, walioweza kuanza hivyo.

Novemba 1970 Columbia iliikaribisha sekondari ya jirani, Millburn, ikaifunga 43 kwa 10. Wanafunzi hao walipomaliza shule waliondoka na visahani vyao kwenda vyuoni. Hellring alikwenda Princeton, lakini alifariki katika ajali ya gari mwaka 1971, akiwa bado mwaka wa kwanza. Silver alikwenda Hollywood hatimaye, akawa mtayarishaji wa filamu kama Lethal Weapon, Die Hard na The Matrix. Watazamaji wengi wa filamu hizo hawajui kabisa kwamba jina hilohilo limo katika kanuni za kwanza za mchezo.

Tarehe 6 Novemba 1972, Rutgers na Princeton zilicheza mechi ya kwanza ya Ultimate kati ya vyuo. Tarehe na mahali vilichaguliwa kwa makusudi: miaka 103 kamili kabla yake, vyuo hivyohivyo vilikuwa vimecheza hapohapo New Brunswick mechi ya kwanza ya mpira wa Kimarekani kati ya vyuo. Uwanja ule wa mwaka 1869 sasa ulikuwa maegesho ya magari. Rutgers ilishinda 29 kwa 27, tofauti ya pointi mbili, kama ilivyokuwa mara ya kwanza iliposhinda 6 kwa 4.

Baada ya hapo mambo yalikwenda haraka. Mashindano ya vyuo yalifanyika Yale mwaka 1975. Wachezaji wa Marekani waliunda chama chao mwaka 1979. Mashindano ya dunia yalichezwa Gothenburg, Sweden, mwaka 1983, na shirikisho la dunia la michezo ya kisahani, WFDF, likaundwa mwaka 1985. Kwa kuwa Frisbee ni alama ya biashara ya kampuni, mchezo ulibaki na jina la Ultimate peke yake. Mwaka 2001 uliingia kwenye Michezo ya Dunia huko Akita, Japani, na mwaka 2015 Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ikalitambua rasmi shirikisho hilo. Leo kuna timu Nairobi na Kampala pia, na nyingi huchanganya wanaume na wanawake, jambo ambalo mchezo huu umelipa nafasi katika mashindano yake makubwa wakati michezo mingine mingi bado inasitasita.

Uwanja wa leo una urefu wa mita 100 na upana wa mita 37, na kila mwisho una eneo la kufungia la mita 18. Timu hupanga watu saba. Pointi hupatikana mchezaji anapokidaka kisahani ndani ya eneo analoshambulia. Beki anayemkaba mwenye kisahani huhesabu kwa sauti hadi kumi, na hesabu ikifika kumi kisahani kikiwa bado mkononi, kinahamia upande wa pili. Yote haya mtu huyashika siku moja. Kinachochukua muda ni kujua pa kukimbilia. Mgeni akiona mwenzake kapata kisahani humkimbilia kwa hamu ya kupewa, na wenzake wakifanya hivyo wote, watu saba wanabanana mahali pamoja na mrushaji hana nafasi ya kupitisha chochote. Timu zilizofundishwa hujipanga mstari mmoja katikati ya uwanja, kisha mmoja huchomoka kwa kasi kuelekea kwenye nafasi wazi, na asipopewa huondoka upesi ampishe mwingine. Yule mwepesi wa kuondoka ana thamani sawa na yule mwepesi wa kudaka. Tabu ni kwamba watazamaji hawamwoni.

Suala la refa halijakaa kimya muda wote huu. Mchezo ulipokua, na ushindi ukaanza kuwa na uzito, walitokea watu waliosema kwamba uaminifu ni mzuri maegeshoni lakini hautoshi kwenye fainali. Nchini Marekani mashindano makubwa yakaweka waangalizi ambao wachezaji wasipoelewana wanaweza kuwaachia uamuzi, na ligi ya kulipwa iliyoanzishwa mwaka 2012 ikaleta marefa kamili, wenye kupiga faulo wenyewe. Hoja yao ina nguvu: mchezo huenda haraka, na mtazamaji hachoshwi na majadiliano. Lakini mimi nasimama na WFDF, ambayo hadi leo inakataa. Mashindano yake yanaweza kuwa na washauri wa mchezo pembeni, ila neno la mwisho kuhusu faulo ni la wachezaji. Ukimwondolea mchezaji jukumu hilo, unamfundisha kutazama filimbi badala ya kumtazama mwenzake, na kosa lisiloonekana na refa linageuka kuwa ujanja wa kusifiwa. Tumeuona ujanja huo wa kutosha katika soka.

Tena jukumu hilo linamlazimu anayejifunza kuzisoma kanuni mwenyewe, kwa kuwa hawezi kudai haki asiyoijua. Baada ya mechi timu huketi na kupeana alama: ujuzi wa kanuni, kujiepusha na faulo, kutopendelea, hali njema na kujizuia, na namna ya kuzungumza na wapinzani, kila kimoja kutoka sufuri hadi nne. Timu yenye wastani wa juu hutunukiwa, hata kama imefungwa mechi zote. Na ndani ya mechi, pale anayedai faulo anaposhikilia kwamba kaguswa naye mwenzake akashikilia kwamba hakumgusa, kanuni haimtafuti mwongo. Kisahani hurudishwa kwa aliyekirusha, kila mtu hurudi mahali alipokuwa, na mchezo huendelea kutoka hapo.