Uhamisho Ulioishia Mpakani

Askari ndiye mtumishi anayeijua vema maana ya uhamisho. Barua inapofika hufunga virago, huaga majirani, akaenda alikotumwa. Utii huo ni nguzo ya jeshi na ya polisi. Lakini utii una mwenzake, nayo ni haki: mwenye mamlaka ya kumhamisha mtumishi amebeba pia dhamana ya utumishi wake wote, popote alipoufanyia. Jambo hilo linadhihirika katika historia ya watumishi wa reli kwenye mpaka wa Kenya na Uganda, huko Tororo na Malaba.

Mpaka huo wenyewe ulihamishwa kabla ya watumishi. Mwaka 1902 Uingereza iliuondoa Mkoa wa Mashariki wa Uganda na kuutia katika himaya ambayo baadaye iliitwa Kenya. Wateso na Wasamia, walioishi pamoja chini ya Mlima Masaba hadi ziwani, wakagawanywa. Reli nayo ikaja kuuvuka mpaka huo, ikafanya njia panda Tororo, tawi moja likielekea Mbale na Soroti, jingine likafika Kampala mwaka 1931.

Mkataba uliotiwa sahihi Kampala mwaka 1967 uliunda Jumuiya ya Afrika Mashariki. Makao makuu ya reli yakawa Nairobi, ya posta Kampala, na ya bandari Dar es Salaam. Mtumishi wa reli aliweza kuhamishwa kutoka Tororo kwenda Nakuru, au kutoka Nakuru kwenda Tabora, bila ya kubadili mwajiri. Cheo chake, miaka yake ya kazi na akiba yake vilikwenda naye.

Ufa ulianza kuonekana mapema. Mwaka 1970 Serikali ya Uganda iliamuru kazi zisizohitaji ujuzi mkubwa zishikwe na raia wake, na Wakenya wapatao 30,000 wakarejea kwao. Mwaka 1977 Jumuiya ikavunjika. Kila nchi ikaunda shirika lake la reli, na mtumishi aliyekuwa upande wa pili wa mpaka kwa amri halali ya mkubwa wake akajikuta mgeni. Uhamisho wake wa mwisho ulikuwa wa kurudi nyumbani, na mwajiri aliyemwajiri hakuwapo tena.

Ni nani angelipa jasho lake? Jibu lilitolewa Arusha tarehe 14 Mei, 1984, baada ya upatanishi wa Dakta Victor Umbricht wa Uswisi. Mali iligawanywa: Kenya asilimia 42, Tanzania 32, Uganda 26. Kila serikali ikakubali kuwalipa raia wake pensheni na akiba zao.

Ahadi ni kitu kimoja, malipo ni kingine. Nchini Tanzania wazee waliokuwa watumishi wa Jumuiya walifungua kesi Mahakama Kuu, wakafikia suluhu na Serikali mwaka 2005. Hata hivyo malalamiko hayakwisha. Nchini Kenya wenzao zaidi ya 700 waliishtaki Serikali yao mwaka 2010 katika Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki. Walishindwa mwaka 2011, na rufani yao ikakataliwa mwaka 2012. Mahakama ilisema kwamba Mkataba wa Jumuiya mpya, ulioanza kutumika mwaka 2000, hauwezi kurudi nyuma kuhukumu mambo yaliyotendeka kabla yake. Walalamikaji hawakuambiwa kwamba hawakufanya kazi. Waliambiwa kwamba mlango waliobisha haukuwa wao.

Leo Katiba ya Uganda ya mwaka 1995 na ya Kenya ya mwaka 2010 zinamtaka mtawala atende haki katika maamuzi yake. Na huko Busia, kituo cha pamoja cha mpakani kilizinduliwa mwaka 2018, ambamo maofisa wa nchi moja hufanya kazi katika ardhi ya nchi ya pili. Watumishi wanavuka tena mpaka ule ule kwa amri.

Hapana budi, basi, kila barua ya uhamisho ihifadhiwe na anayeipokea, na kila ahadi iliyomo itimizwe na anayeitoa. Mtumishi aliyetii amri akiwa kijana hastahili kuzeeka kwenye veranda za mahakama.