Mgongo wa Nyeri Haujawahi Kuulizwa Unauma Wapi

Wasee, shikeni mwaka mmoja kichwani: 1917.

Mwaka huo, mjini Turin kule Italia, daktari wa eksirei kwa jina Mario Bertolotti alichapisha kazi yake kuhusu mfupa mmoja wa kiuno. Kawaida binadamu ana pingili 5 za kiuno, na chini yake kuna sakramu, ule mfupa wa pembetatu unaokaa katikati ya nyonga. Lakini kuna watu ambao pingili yao ya mwisho ni kama haijaamua iko timu gani. Inaota mabawa makubwa yanayoshuka hadi kugusa sakramu, wakati mwingine upande mmoja tu, wakati mwingine zote mbili zinashikana kabisa. Unazaliwa nayo. Inaitwa pingili ya mpito. Bertolotti akasema: hapa panaweza kuwa ndipo maumivu yanatoka. Hadi leo maumivu hayo yanaitwa kwa jina lake.

Mbona nawaambia mambo ya Turin? Kwa sababu Turin si mbali na Nyeri vile unafikiria. Wamisionari wa Consolata walianzishwa mji huo huo mwaka wa 1901, na mwaka uliofuata walikuwa wamefika huku kwetu. Ukipita Mathari ukaona hospitali ya Consolata, hiyo ni alama ya Turin.

Sasa angalia 1917 ya upande wetu. Waingereza walikuwa wanapigana na Wajerumani Tanganyika, na jeshi lilihitaji wabebaji. Gari lilikuwa linakwama matopeni, punda na ng'ombe walikuwa wanakufa kwa ndorobo, kwa hivyo mzigo ukawekwa kwa binadamu. Mwaka huo ndio msako ulikuwa mkali zaidi. Vijana wa Nyeri, Murang'a na Kiambu walichukuliwa, wengi bila kupenda. Hesabu rasmi ya wabebaji waliokufa upande wa Uingereza ilizidi 40,000, wengi kwa magonjwa na njaa, na wanahistoria wanasema idadi halisi ilikuwa kubwa zaidi. Jina Kariokor pale Nairobi limetoka kwa kikosi chao cha wabebaji.

Kwa hivyo mwaka mmoja, migongo miwili. Wa Turin uliwekwa mbele ya mashine ukaulizwa: unauma wapi? Wa Nyeri uliulizwa: unabeba kiasi gani?

Hoja yangu leo ni kwamba hilo swali la pili halikuisha na vita.

Katikati ya miaka ya 1950, wakati wa Hali ya Hatari, watu wa huku walifungiwa kwenye vijiji vya lazima. Serikali ya kikoloni ilitaka kukata chakula kisiwafikie wapiganaji wa Mau Mau msituni, kwa hivyo ikaamuru handaki lichimbwe kando ya msitu wa Mlima Kenya, urefu wa takriban maili 50. Lilichimbwa kwa kazi ya kulazimishwa, na jembe na panga, na sehemu kubwa ya migongo iliyoinama pale ilikuwa ya wanawake. Hao ni kina shosho zetu na mama zao.

Halafu 1986. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili, lakini hii nimeisoma mara kadhaa. Jarida la Nature lilichapisha utafiti kuhusu wanawake wa Kenya wanaobeba mizigo: Waluo wanaobeba kichwani, na Wakikuyu wanaobeba mgongoni kwa ule mkanda unaopita kwenye paji la uso. Waliwapima pumzi wakitembea na mzigo. Matokeo: mzigo wa hadi asilimia 20 ya uzito wa mwili haukuwaongezea matumizi ya nguvu hata kidogo. Dunia ikashangaa. Ni utafiti mzuri, sina ubishi. Lakini angalia swali lake. Tena ni kiasi gani, na kwa bei gani.

Ndiyo maana huku maumivu ya mgongo tumeyafanya tabia. Ukilalamika wewe ni mvivu, ukinyamaza wewe ni mtu wa kazi. Binamu yangu ana miaka 24, anaendesha boda Karatina. Miaka mitatu aliambiwa mgongo ni ugonjwa wa wazee, anunue dawa ya maumivu aendelee. Siku alipopigwa eksirei, ripoti ikasema pingili yake ya mwisho imeshikana na sakramu upande wa kushoto. Na si ajabu: maumivu ya aina hii mara nyingi huanza ukiwa bado kijana.

Hapo tusiruke haraka lakini. Kuwa na pingili ya mpito si hukumu. Tafiti zinatoa kuanzia asilimia 4 hadi zaidi ya 30 ya watu, kutegemea nani anahesabu na anahesabu vipi, na wengi wao hawaumwi popote. Zaidi ya miaka 100 baada ya Bertolotti, madaktari bado wanabishana ni lini huo mfupa ndio wa kulaumiwa. Wakati mwingine wanadunga dawa ya ganzi pale mfupa unapogusana, waone kama maumivu yatatulia. Wengi hutibiwa kwa mazoezi ya fiziotherapia. Upasuaji ni wa wachache. Kwa hivyo picha peke yake haitoshi. Lazima mtu akuulize, na akusikilize.

Na kuna watu waliouliza. Sista Irene Stefani, Mwitalia wa hao hao Consolata, alihudumia wabebaji kwenye hospitali za vita Voi, Kilwa na Lindi. Watu wa huku walimpa jina Nyaatha, mwenye huruma, na mwaka wa 2015 alitangazwa mwenyeheri hapa Nyeri.

Sisi tuko na hospitali, tuko na eksirei, na bado tunaambiana "jikaze". Kama mgongo umekusumbua wiki kadhaa, nenda uonwe. Kama miguu inakufa ganzi au mkojo umeanza kuleta shida, usingoje kesho. Na ukienda ushago wikendi hii, usimsifu tu shosho vile alikuwa anabeba kuni. Muulize ni wapi panauma, na tangu lini. Halafu kaa chini, kwa sababu jibu litakuwa refu.