Ngome Isiyo na Ukuta Kando ya Mto Platte

Ukisikia neno ngome, akili inakwenda moja kwa moja kwenye kuta nene na lango la chuma. Fort Kearny haikuwa hivyo. Mwaka 1848 Luteni Daniel Woodbury na wanajeshi wake walipofika ukingo wa kusini wa mto Platte, katika nchi ambayo leo ni jimbo la Nebraska, walikuta uwanda wa nyasi ambao mbao zake hazikutosha hata kujengea zizi. Wakajenga kwa walichokipata: matofali mabichi ya udongo na madongo ya nyasi yaliyokatwa ardhini. Nyumba zikauzunguka uwanja wa gwaride wa ekari 4. Ukuta wa kuizingira ngome haukuwapo. Wasafiri waliokanyaga vumbi kwa wiki kadhaa wakiitamani ngome hiyo waliifikia, wakaitazama, na wengi wakaandika kwenye shajara zao kwamba wamevunjika moyo.

Lakini ngome ile haikuwekwa pale kumzuia adui kwa ukuta. Iliwekwa kuilinda njia, ile njia ya magari ya kukokotwa na ng'ombe iliyowapeleka wahamiaji Oregon na California. Na njia yenyewe ilipita katikati ya nchi ya watu. Mwezi Agosti mwaka huohuo machifu wa Wapawnee, wenyeji wa nchi hiyo, waliitwa hapo ngomeni, wakatia alama zao kwenye mkataba uliowatoa katika ukanda wa ardhi kandokando ya Platte wenye urefu wa maili 60 hivi. Malipo yalikuwa bidhaa za dola 2,000. Ukitaka kuelewa kilichouzwa siku ile, iache ngome kwanza uingie ndani ya msonge.

Wapawnee walikuwa mataifa manne yaliyozungumza lugha moja, kila moja na vijiji vyake: Waskiri, Wachawi, Wakitkehahki na Wapitahawirata. Waliishi kwenye mito ya Platte, Loup na Republican. Jina la Loup lenyewe ni neno la Kifaransa la mbwa mwitu, likitokana na Waskiri, ambao jirani zao waliwaita watu wa mbwa mwitu. Jina la Wapawnee nalo lilipata mkasa wake. Wengi wao walitekwa na maadui, wakauzwa kwa Wafaransa wa Kanada, hadi neno "panis" likawa huko jina la mtumwa yeyote aliyekuwa mwenyeji asilia wa Amerika, awe Mpawnee au asiwe. Mwaka 1709 mtawala wa Ufaransa aliyekuwa Quebec alitoa amri iliyohalalisha kumiliki watu weusi na "panis". Jina la taifa zima liliingia kwenye sheria likiwa na maana ya mali. Hili huniuma kila ninapolikumbuka, kwa sababu watu hao nyumbani kwao walikuwa wakulima wenye maghala.

Msonge wa Kipawnee uliezekwa udongo. Katikati zilisimamishwa nguzo nne kubwa, zikapandishwa boriti, kisha fito za mwerebi, kisha nyasi, kisha madongo, hadi nyumba ikafanana na kichuguu kikubwa chenye tundu la moshi kileleni. Nyumba moja iliweza kulaza watu 30 au 40. Mlango ulielekea mashariki ili mwanga wa alfajiri uingie hadi ndani, na upande wa magharibi, mkabala na mlango, palikuwa na madhabahu yenye fuvu la nyati. Juu yake lilining'inia furushi takatifu lililofungwa kwa ngozi, na ndani yake mlihifadhiwa vitu vya ibada na mahindi ya mbegu. Nyota ziliongoza mengi. Wapawnee waliamini kwamba Tirawahat, mkuu wa mbinguni, aliziweka nyota kila moja na kazi yake, na kwamba mwanadamu wa kwanza ni mzao wa Nyota ya Asubuhi na Nyota ya Jioni.

Kitu ambacho kingenishangaza zaidi ningekuwa mgeni kijijini hapo ni shimo. Karibu na kila msonge wanawake walichimba shimo la akiba lenye mdomo mwembamba na tumbo pana, kama mtungi uliofukiwa. Mtu aliteremka ndani kwa ngazi. Walitandaza nyasi chini na ubavuni, wakapanga mahindi yakiwa bado kwenye magunzi kuzunguka ukuta, katikati wakamimina punje zilizopukuchuliwa na maharage, wakaongeza maboga yaliyokatwa vipande virefu, yakakaushwa na kusukwa kama mikeka. Kisha mdomo ulifunikwa kwa udongo na kusawazishwa, na kijiji kizima kikaondoka kuwinda nyati, mara moja kiangazi na mara moja majira ya baridi. Miezi ilipita bila mtu kijijini, na chakula cha mwaka kikiwa chini ya ardhi. Wanawake ndio waliolima, ndio waliokuwa na mamlaka ya shimo, na ndio waliojua mbegu ipi ni ya nani.

Watu wa namna hii hawakuwa wanyonge wa kuingiliwa ovyo. Tarehe 14 Agosti 1720 kikosi cha Wahispania kutoka Santa Fe, kikiongozwa na Pedro de Villasur, kilivamiwa alfajiri na Wapawnee na jirani zao Waoto karibu na mahali mto Loup unapokutana na Platte. Villasur aliuawa pamoja na sehemu kubwa ya watu wake. Tukio hilo lilichorwa kwenye ngozi kubwa ambazo leo zipo Santa Fe.

Mwaka 1806 ikaja zamu ya Wamarekani. Zebulon Pike alifika kijiji cha Wakitkehahki mwezi Septemba akiwa na wanajeshi wasiozidi 25, akakuta bendera ya Hispania iliyoachwa na msafara wa Facundo Melgares, uliokuwa na mamia ya askari na uliokuwa umeondoka wiki chache tu kabla yake. Barazani, mbele ya wapiganaji takriban 400, Pike alidai bendera ile iteremshwe. Watu wakanyamaza. Kwa masimulizi yake mwenyewe, mzee mmoja aliinuka, akaishusha, akamwekea miguuni, akaipandisha ya Marekani. Pike alipoona nyuso zimeingia huzuni, akawarudishia bendera ya Hispania, ila akawataka wasiipandishe akiwapo. Kwa hiyo alipoondoka kijiji kilibaki na bendera mbili. Vitabu vingi vya zamani vilisimulia siku ile kama ushindi wa Marekani. Mimi naona wazee waliokuwa na wageni wawili wenye bunduki, nao hawakutaka kumfanya yeyote kati yao kuwa adui.

Ajabu ni kwamba baadaye majimbo mawili yaligombea mahali penyewe. Kansas ilisimamisha mnara mwaka 1901 karibu na mji wa Republic, ikaamini ndipo bendera iliposhuka. Katika miaka ya 1920 mfanyabiashara wa magari wa Nebraska, Asa T. Hill, aliyetumia siku zake za mapumziko kutafuta mabaki ya kale wakati wenzake wakicheza gofu, alichimba kwenye shamba lililo upande wa pili wa mpaka wa majimbo. Aliyoyapata yaliwaridhisha wataalamu wengi kwamba kijiji cha Pike kilikuwa hapo. Mnara wa Kansas uko palepale, na chini yake kuna kijiji halisi cha Wakitkehahki, ila ni cha miaka ya 1820.

Baada ya bendera ya Pike zikaja ngome. Ya kwanza ya jeshi la Marekani kujengwa magharibi ya mto Missouri, Fort Atkinson, ilianzia kwenye kambi ya mwaka 1819. Majira ya baridi ya kwanza kiseyeye kiliua wanajeshi zaidi ya 100. Waliosalia wakashika jembe na kulima mahindi, kama majirani zao. Mwaka 1825 Wapawnee walitia saini hapo mkataba uliotambua ukuu wa Marekani na kuahidi ulinzi wake. Miaka miwili baadaye jeshi likaihama ngome. Neno "ulinzi" likabaki kwenye karatasi.

Kilichowabomoa Wapawnee kilitembea bila bunduki. Ndui ya mwaka 1831 iliua karibu nusu yao. Mwaka 1833 waliuza ardhi yao yote ya kusini ya Platte. Walakota, taifa jingine la wenyeji, waliokuwa wengi zaidi na wenye silaha zaidi, walizidi kuwashambulia, na mwaka 1843 waliua takriban watu 70 katika kijiji kimoja. Kisha mwaka 1849 magari ya watafuta dhahabu yalipita mbele ya Fort Kearny kwa maelfu, ng'ombe wao wakala nyasi za bonde na kuni zikakatwa hadi mti wa mwisho. Pamoja nao kikaja kipindupindu. Wapawnee zaidi ya 1,000 walikufa. Ile njia iliyolindwa na ngome ndiyo iliyoleta ugonjwa, na ngome haikuwa na dawa.

Mwaka 1857 waliuza karibu kila kilichobaki, wakajiwekea kipande kwenye mto Loup, maili 30 kwa 15, palipo mji wa Genoa leo. Serikali iliahidi tena kuwalinda na adui zao. Safari hii Wapawnee wenyewe ndio waliokwenda kuilinda serikali. Kuanzia mwaka 1864 vijana wao walijiunga na jeshi kama askari wapelelezi chini ya Frank North, aliyeijua lugha yao. Walivaa sare, wakachukua mshahara, wakalinda mafundi wa reli ya Union Pacific, na mwaka 1869 walikuwa mstari wa mbele katika vita vya Summit Springs dhidi ya taifa la Wacheyenne. Wapo wanaowalaumu kwamba waliwasaidia wazungu. Lawama hiyo naiona nyepesi. Aliyechomewa msonge na kuibiwa farasi wake mara kumi na Mlakota hakuwa na sababu ya kumwona Mlakota ndugu, na mkataba ulimwambia kwamba jeshi ni rafiki.

Urafiki huo ulipimwa mwezi Januari 1869 kwenye kijito cha Mulberry, Kansas. Kundi dogo la Wapawnee, baadhi yao askari waliokuwa wamemaliza utumishi na kubeba hati zao za jeshi, lilishambuliwa na wanajeshi wa Marekani pamoja na walowezi, na wengi wakauawa. Daktari wa jeshi wa Fort Harker akakusanya mafuvu yao na kupeleka sita katika makumbusho ya tiba ya jeshi, Washington, yakapimwe. Yalikaa kwenye masanduku hadi mwaka 1995, taifa lao liliporudishiwa na kuyazika.

Reli ilipokamilika, magari ya ng'ombe yakakoma, na Fort Kearny ikafungwa mwaka 1871. Tarehe 5 Agosti 1873 Wapawnee wapatao 700, wakiwamo wanawake na watoto, walikuwa kwenye uwindaji wa kiangazi kusini magharibi mwa Nebraska, wakiwa na kibali na mzungu wa kuwasindikiza. Wapiganaji wa Kilakota, wengi kuliko wanaume wao, waliwafumania wakiteremka katika bonde jembamba. Waliouawa walikuwa 70 hivi au zaidi, wengi wao wanawake na watoto, na chifu Sky Chief alikuwa miongoni mwao. Katika zahama ile baba mmoja alimfunga binti yake mdogo mgongoni furushi takatifu la ukoo, akampandisha juu ya farasi na kumwambia akimbie. Binti akaokoka. Furushi lilikaa kwa wanawake wa ukoo ule kwa zaidi ya miaka 100, hadi mwaka 1987 walipoliweka kwenye makumbusho yaliyojengwa juu ya sakafu ya msonge wa kale pale Republic, Kansas. Limetundikwa upande wa magharibi, mahali pake.

Baada ya bonde lile hapakuwa na moyo wa kubaki. Kati ya 1874 na 1876 taifa zima lilihamia Eneo la Wahindi, Oklahoma ya sasa, ambako homa iliwamaliza. Mwanzoni mwa karne ya 20 hawakufika 700. Pale Genoa, kwenye majengo waliyoyaacha, serikali ilifungua mwaka 1884 shule ya bweni ya kuwasahaulisha watoto wa mataifa mengine lugha zao.

Nebraska ilibaki na mifupa. Taasisi ya historia ya jimbo ilikuwa imefukua makaburi ya Wapawnee, na ilichukua mapambano makali, yakiongozwa na wanasheria wa Kipawnee wenyewe, mpaka bunge la jimbo likapitisha sheria ya mwaka 1989 ya kuwarudisha wafu. Mwaka uliofuata walizikwa upya Genoa kwa mamia.

Wapawnee leo wanazidi 3,000, makao yao yakiwa Pawnee, Oklahoma. Udongo wa huko haukuyapenda mahindi yao ya asili; yalioza, yakapungua, hadi aina moja ikabaki na punje chache zilizofichwa kwenye mitungi ya familia. Ni punje nyeupe yenye doa la zambarau lenye umbo la tai aliyekunjua mbawa. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Deb Echo-Hawk, mlinzi wa mbegu wa taifa, alikubali kuzituma baadhi kwa mwalimu wa makumbusho aliyemwomba kutoka mji wa Kearney, maili chache tu kutoka uwanja wa gwaride wa Woodbury. Zilipandwa kwenye udongo wa bonde la Platte, ule uliouzwa kwa bidhaa za dola 2,000, na zikaota. Tangu hapo wakulima wa Nebraska, wajukuu wa walowezi, hupanda mbegu za Wapawnee kila mwaka, na baada ya mavuno mahindi husafirishwa kusini kwa wenyewe, ambako wanawake huchagua yenye tai na kuyahifadhi kwa ajili ya msimu unaofuata.