Koomenjoe na Mugwe: Kiongozi wa Wahamiaji katika Historia ya Wameru

Miongoni mwa jamii zinazoishi kwenye miteremko ya mashariki ya Mlima Kenya, Wameru ndio wanaosimulia kwa urefu zaidi habari za kuhama kwao, na masimulizi hayo, badala ya kumtukuza jemadari aliyeteka nchi, humweka katikati mtu asiyekuwa na jeshi wala dola. Mtu huyo ni Koomenjoe, anayetajwa na wazee kuwa ndiye aliyewatoa watu wake Mbwaa, nchi iliyozungukwa na maji, na ambaye huhesabiwa kuwa chanzo cha cheo cha Mugwe, yaani kiongozi wa kidini mwenye mamlaka ya kubariki, kilichorithishwa hadi karne ya 20. Iwapo Koomenjoe aliishi kweli au ni jina lililobeba matendo ya wengi, habari zake zilikuwa kipimo ambacho Wameru walikitumia kuamua ni nani anayefaa kuongoza na kwa mipaka gani.

Kwa mujibu wa mapokeo simulizi, yaani habari zinazorithishwa kwa mdomo kutoka rika hadi rika, watu wa Mbwaa walitawaliwa na wageni walioitwa Nguo Ntune, maana yake nguo nyekundu, ambao waliwatumikisha na kuwapa mitihani iliyokusudiwa kuwashinda. Waliamriwa kushona makubadhi yenye manyoya pande zote mbili, na kulitoa tunda lililotumbukizwa ndani ya shimo refu bila kulishika kwa mkono wala kulichokoa kwa fimbo. Mtihani huu wa pili ulitatuliwa kwa kumimina maji shimoni hadi tunda likaelea na kufika juu. Mtihani wa mwisho, wa kufua mkuki wenye urefu wa kufika mbinguni, haukuwa na jibu, na hapo ndipo ilipoamuliwa kutoroka. Katika mitihani yote hiyo kiongozi anasifiwa kwa kupima mambo na kushauriana na wazee, wala hakuna mahali anaposifiwa kwa kumwaga damu ya adui.

Kuvuka maji ndiko kulikozaa mpangilio wa koo. Waliovuka usiku waliitwa weusi, njiru, waliovuka alfajiri wakaitwa wekundu, ndune, na waliovuka mchana wakaitwa weupe, njeru, majina ambayo yalibaki kuwa mafungu ya koo na ambayo hayahusu rangi ya ngozi. Kwa njia hiyo kila ukoo ulijihesabu kuwa na nafasi katika safari ileile, na aliyeiongoza hakuweza kudaiwa na ukoo mmoja peke yake.

Mwanahistoria Jeffrey Fadiman, aliyewahoji wazee wa Meru mwishoni mwa miaka ya 1960 na mwanzoni mwa miaka ya 1970, aliihusisha Mbwaa na kisiwa cha Manda katika funguvisiwa la Lamu, na kuiweka safari hiyo mwanzoni mwa karne ya 18. Mlango wa Mkanda, unaokitenga kisiwa hicho na bara, ni mwembamba na huwa na maji haba bahari inapokupwa, jambo linalofanya kuvuka kwa miguu kusiwe muujiza tu. Manda yenyewe ilikuwa sehemu ya biashara kubwa ya Bahari ya Hindi, kwani mwaka 2013 wanaakiolojia walitangaza kupata huko sarafu ya China ya mfalme Yongle, aliyetawala kuanzia 1402 hadi 1424, na mji wa Takwa, ulio kisiwani humo, ulihamwa karibu na mwaka 1700. Kukaribiana kwa tarehe ya kuhamwa kwa Takwa na ile ya safari hakutoshi kuwa ushahidi, na msomaji anapaswa pia kukumbuka kwamba Filipo M'Inoti, mmoja wa Wakristo wa mwanzo wa Meru, aliandika habari za asili ya Wameru kwa Kiswahili mwaka 1930, wakati ambapo kisa cha Musa na Bahari ya Shamu kilikuwa kimekwisha kuzoeleka makanisani, na huenda kiliathiri namna kuvuka maji kulivyosimuliwa.

Baada ya kufika mlimani, cheo cha Mugwe kilichukua sura iliyo wazi zaidi, hasa miongoni mwa Waimenti na Watharaka, makundi mawili ya Wameru. Mugwe aliwabariki vijana waliotahiriwa na marika yaliyopokea uongozi wa nchi, na baraka yake ilitolewa kwa mkono wa kushoto, ambamo alishika kiragu, alama ya siri ya cheo chake. Mkono huo ulifunikwa daima, na iliaminika kwamba mtu angeuona angekufa papo hapo. Hata hivyo hukumu za mashamba, mifugo na mauaji zilikuwa za Njuri Ncheke, baraza la wazee, kwa hiyo aliyebariki hakuwa ndiye aliyehukumu.

Kwa jirani zao Waembu hali ni tofauti, kwa kuwa mapokeo yao mashuhuri huwataja Mwenendega na mkewe Nthara kuwa wazazi wa kabila papo hapo Embu, karibu na Runyenjes, bila bahari wala kiongozi wa msafara. Tofauti hiyo inadokeza kwamba Mugwe alikuwa cheo cha watu waliojitambua kwanza kuwa wahamiaji, waliohitaji mtu wa kuwaunganisha kabla hawajawa na ardhi ya kuwaunganisha.

Serikali ya kikoloni, iliyofungua boma Embu mwaka 1906 na Meru mwaka 1908 chini ya ofisa E. B. Horne, ilihitaji watu wa kukusanya kodi na kutoa vibarua wa barabara, ikawateua machifu. Baadaye mkuu wa wilaya H. E. Lambert aliipa Njuri Ncheke nafasi katika utawala, kwa sababu baraza linalotoa hukumu lingeweza kutumika, lakini Mugwe, ambaye hakuwa na amri ya kutoa, aliachwa kando. Padre Bernardo Bernardi wa shirika la Consolata, katika kitabu chake cha mwaka 1959, alimweleza kuwa nabii anayeshindwa, na kitabu hichohicho kilipochapishwa upya mwaka 1989 anwani ilibadilishwa ikamtaja kuwa nabii wa baraka. Anwani ya pili ndiyo iliyo karibu zaidi na historia, kwa maana Mugwe hakupokonywa uwezo wa kutawala, uwezo ambao hakuwahi kuwa nao, bali alipoteza watu walioona haja ya kubarikiwa kabla ya kuamriwa.