Kishona nguo, ua dogo la kingo za Nakivubo

Mfereji wa Nakivubo hupokea maji machafu ya katikati ya Kampala na kuyapeleka katika ardhi oevu iliyo kando ya Ziwa Victoria. Penye udongo uliochimbuliwa mjini humo huota gugu ambalo mpita njia hulitambua akiwa amekwisha kulipita, mbegu zake zikiwa zimenasa kwenye suruali. Waganda huliita ssere. Kwa Kiswahili ni kishona nguo, na wataalamu wa mimea huliita Bidens pilosa.

Bidens ni Kilatini, maana yake meno mawili, kutokana na ncha za mbegu yake nyeusi na nyembamba, ingawa mara nyingi ncha hizo ni tatu. Kila ncha ina miiba midogo iliyoelekea nyuma mithili ya ndoana. Kwa hiyo mbegu hunasa kwa urahisi, ila kuing'oa ni kazi.

Mmea huu ni wa jamii ya alizeti. Kinachodhaniwa kuwa ua moja ni mkusanyiko wa vijiua vingi vya njano, pengine vikizungukwa na petali chache nyeupe. Asili yake ni Amerika ya kitropiki, na mche mmoja waweza kuzaa mbegu 3,000 au zaidi. Si ajabu wakulima wa maharage wanauchukia.

Hata hivyo, nchini Uganda utomvu wa majani yake yaliyopondwa hutiwa kwenye jeraha bichi ili damu igande upesi. Majani machanga huliwa kama mboga sehemu kadhaa za Afrika, hasa wakati wa njaa.

Hapo ndipo mahali pa kuchuma panapokuwa na uzito. Uchunguzi wa kisayansi umeonyesha kuwa kishona nguo hufyonza metali ya kadimiamu na kuilimbikiza, hata kikapendekezwa kitumike kusafisha udongo uliochafuliwa. Nako Nakivubo, watafiti wamekuta risasi, kadimiamu na metali nyingine katika matope ya mfereji na katika ardhi oevu, ambako magimbi na miwa hulimwa.

Jani lililobeba sumu hiyo laweza kuonekana bichi na zuri kama jingine lolote. Kadimiamu haiharibiki kwa kuchemshwa, na ikishaingia mwilini hukaa katika figo kwa miaka 10 au zaidi.